Ridhaa ya Mkasi

Mara ya kwanza Lakot alipomfanya baba yake akubali, machozi yalimtoka bila kwikwi, akayafuta kwa mgongo wa mkono ili yasidondokee filamu.

Kwenye kioo kidogo cha mashine ya uhariri, Sajini Santo Ojara alikuwa ameketi uani kwake Naguru, shati lake jeupe limefungwa vifungo vyote hadi shingoni. Mbele yake alisimama kijana, kofia mkononi, akisema kwamba amekuja kuomba binti. Picha ikarudi kwa mzee. Mzee akatulia, akainua kidevu, kisha akaitikia kwa kichwa, taratibu, kama mtu aliyepima jambo akaliona limefika.

Lakot akairudisha nyuma, akaitazama tena. Hakukuwa na mshono wowote ambao jicho lingeweza kuuona. Katika miaka yote aliyokaa kwenye chumba kile chenye harufu ya gundi, hakuwahi kuunganisha vipande viwili vikapendana namna ile.

Tatizo ni kwamba baba yake hakukubali.

Lakot alikuwa mhariri katika idara ya filamu ya serikali. Alikuwa amekata filamu za magwaride mengi, na za wageni wengi wakishuka kwenye ndege, na mikono yake ilisifiwa hata na watu wasiomjua kwa sura. Kisha mwongozaji waliyemtegemea akaondoka nchini bila kuaga, kama wengi walivyoondoka miaka ile, akiacha filamu fupi ya hadithi ambayo haijapigwa hata picha moja: kisa cha kijana anayekwenda kuposa. Bwana Zubairi, mkuu wa idara, aliuliza ukumbini nani angeweza kuibeba. Watu walitazama viatu vyao. Lakot akasikia sauti ikisema, "Mimi," akashangaa kutambua kwamba ni yake.

Hivyo akawa mwongozaji. Na kwa kuwa hapakuwa na mtu wa kutafuta nguo, chakula, ruhusa na mahali, akawa mtayarishaji pia, bila yeyote kumpa jina hilo. Kamera barabarani siku hizo iliita maswali ambayo hakuna aliyependa kuyajibu. Alihitaji ua ambamo hakuna mtu angeuliza kitu, akakumbuka nyumba za polisi alikokulia. Ndipo alipokwenda kumpigia magoti baba yake ampe ua, na Mzee Ojara, aliyekuwa na udhaifu wa kupenda kupigwa picha, akampa ua na akajitolea pia kuwa baba wa bibi harusi.

Mposaji alikuwa awe Ongom, mwalimu wa shule. Asubuhi ya kupiga picha Ongom akashikwa na homa. Mtu pekee aliyeyajua maneno yote ya mposaji kwa moyo alikuwa fundi wa sauti, Cleopas Wanyama, Mkenya wa Bungoma mwenye kibanda cha kutengeneza redio kule Mengo. Aliyajua kwa sababu aliyasikia kwenye mazoezi, na kwa sababu nyingine ambayo Lakot aliijua, na ambayo Mzee Ojara alikuwa amenong'onezwa na dada yake aliyewaona wawili hao wakijikinga mvua chini ya mwavuli mmoja.

Wanyama akakitega kinasa sauti chini ya benchi, akavaa koti la Ongom lililombana mabegani, akasimama mbele ya mzee.

Katika nyumba ya Ojara, kama ilivyokuwa kwa baba yake na babu yake, mposaji husimama. Husimama hadi mwenye nyumba aseme, "Mpeni kiti." Asiposema, mgeni huaga na kwenda zake, na hakuna aliyetukanwa. Akisema, mazungumzo yamefunguliwa, na kiti kilichotolewa hakirudishwi ndani. Maneno hayo mawili ndiyo yaliyokuwa mwisho wa filamu.

Mzee aliigiza vizuri yote mengine. Ilipofika zamu ya maneno hayo mawili, aliyakaza macho yake chini, kwenye vumbi la ua wake mwenyewe, akanyamaza mpaka filamu ikaisha ndani ya kamera.

"Baba, ni mchezo tu," Lakot alimwambia.

"Neno hilo halichezewi," mzee akajibu, akaingia ndani.

* * *

"Hodi."

"Karibu, Wanyama. Funga mlango, mwanga unaingia."

Aliingia na harufu ya mvua, mfuko wa vifaa begani. Alikuwa mtu wa kusikiliza kuliko kusema. Hata alipomtazama mtu, alionekana kama anayemsikiliza kwa macho. Lakot aliwahi kumwambia kwamba kutazamwa naye ni kama kuulizwa swali kwa upole, naye akajibu kwamba jibu anaweza kulingoja.

"Kaa uone kitu," Lakot akasema, kisha akakumbuka kwamba kiti kilikuwa kimoja, chake. "Au simama. Umeshazoea."

"Umeanza mambo ya baba yako."

Lakot akawasha mashine. Wanyama akainama juu ya bega lake, karibu kiasi kwamba Lakot alihisi joto la pumzi yake sikioni. Mzee kwenye kioo akainua kidevu. Akaitikia.

Wanyama akacheka kwa mshangao wa furaha, kicheko kifupi cha mtoto. "Alikubali lini?"

"Mchana ule ule. Mama alipomwonjesha malakwang. Mpiga picha alikuwa anapima mwanga, akamnasa."

"Kwa hiyo alikuwa anakubali mboga."

"Alikuwa anakubali simsim iliyomo kwenye mboga. Mama alikuwa amebadilisha kipimo."

"Basi mimi ni malakwang."

"Wewe ni malakwang iliyokubaliwa. Wapo wenzako hawakufika hapo."

Akacheka tena, lakini kicheko kikakatika katikati. "Irudishe," akasema.

Akairudisha. Safari hii Wanyama hakumtazama mzee. Alimtazama yule kijana mwenye koti la kubana. Mashine ilipozimika, mvua ikasikika juu ya mabati.

"Mzee ameiona?"

"Ataiona Ijumaa pamoja na wageni wa Bwana Zubairi. Ukumbi mzima utapiga makofi, Wanyama. Wewe mwenyewe niambie, atasimama katikati ya watu aseme, huyo si mimi?"

"Hatasimama," Wanyama alisema polepole. "Hilo ndilo ninaloliogopa. Atarudi Naguru na aibu yake kimya kimya, na kila akiniona ataona mtu aliyemwibia kichwa chake."

"Ni filamu."

"Kwa watu wengine. Sisi watatu tunajua si filamu."

Lakot akageuka kwenye kiti. "Kazi yangu ndiyo hii. Nachukua kilichopo, nakiweka panapokifaa. Mgeni wa serikali hushuka kwenye ndege akiwa amechukia, mimi huweka baada yake mtoto mwenye maua, na watu huona amefurahi. Hakuna aliyewahi kuniuliza."

"Kwa sababu yule mgeni hutamwita baba mkwe."

"Ulitaka nifanye nini? Nimpelekee Bwana Zubairi filamu isiyo na mwisho? Hii ndiyo nafasi yangu. Nikishindwa hii, nitarudi kukata gwaride mpaka nizeeke, na hakuna mwanamke mwingine atakayeulizwa ukumbini."

"Najua."

"Hujui. Ungejua usingesimama hapo na uso huo."

Wanyama akaweka mfuko chini, akakiokota kipande kilichoanguka sakafuni, akakining'iniza msumarini pamoja na vingine, kwa uangalifu, kama anayeanika nguo ya mtu mwingine.

"Siku ile uani," akasema, "nilisimama mbele ya mama yako, mbele ya majirani, mbele ya mpiga picha, nikakataliwa. Niliumia, lakini niliweza. Nilisema moyoni, mzee huyu ni mkweli, ipo siku nitarudi. Sasa hapa nakubaliwa, na hilo siwezi kulibeba. Unanielewa, Lakot? Yale maneno niliyoyasema pale sikuyaigiza."

Lakot alielewa. Alikuwa ameelewa tangu siku ile, alipokuwa nyuma ya kamera akisahau kusema "Kata". Lakini alikuwa amekesha na vile vipande, na macho yalimuuma, na hasira ilikuwa karibu zaidi kuliko ukweli.

"Basi wewe ndiwe usiyenitaka," akasema. "Baba ni kisingizio."

Uso wa Wanyama ukabadilika kama taa iliyopunguzwa utambi.

"Kaka yangu amefungua duka Bungoma," akasema. "Ananihitaji. Nilikuwa nikimwambia angoje kidogo. Ukanda wa sauti nitakuletea kesho mchana kama nilivyoahidi, kazi ni kazi. Jumamosi nitapanda basi."

"Nenda basi."

Alikwenda. Aliufunga mlango taratibu, mwanga usiingie.

* * *

Bwana Zubairi aliitazama filamu asubuhi iliyofuata, mikono nyuma. Alikuwa mtu mpole aliyejifunza kutoonyesha furaha haraka. Mzee Ojara alipoitikia kwenye kioo, Bwana Zubairi naye akaitikia, bila kujua.

"Binti Ojara," akasema, "umemtoa wapi mzee huyu? Ana heshima ya kweli. Kile kichwa kinapoinama, mtu anamkumbuka baba yake."

"Ni baba yangu, bwana mkuu."

"Ndiyo maana." Akatabasamu. "Sikufichi. Wageni wakiipenda Ijumaa, filamu ijayo ni yako: hadithi uchague, uiongoze, uitayarishe, na jina lako liandikwe pale mwanzo. Usiguse kitu. Hasa pale mwisho."

Lakot alishukuru. Mkuu alipotoka, akabaki akiitazama mikono yake juu ya meza. Maneno "jina lako" yalikuwa yakimzunguka kichwani. Alilitamani jina hilo kwa miaka. Alitamani pia mtu wa kumwambia habari hii, na mtu huyo alikuwa mmoja tu, naye alikuwa akifunga redio za watu kwenye makasha kule Mengo.

Akaenda kwa bawabu, akaomba simu, akapigia kituo cha polisi. "Mwambieni Sajini Ojara binti yake anamwomba apite kazini kwake mchana. Hapana, si ugonjwa. Ni kazi."

Mzee alikuja akiwa amevaa sare, kofia kwapani, akitazama pembe za chumba kama aliyekuja kukagua. Lakot alimkaribisha kwenye kiti, yeye akakalia kasha tupu la makopo ya filamu.

"Kumbe ndipo unaposhinda," mzee akasema kwa Kiacholi, lugha yao ya nyumbani. "Hakuna hata dirisha. Mahabusu wangu wanakaa vizuri zaidi."

"Mahabusu wako hawapendi kazi yao, Baba."

"Wengine wanaipenda sana, ndiyo maana wanarudi." Akavua miwani, akaifuta, akaivaa. "Haya. Nionyeshe huyo mzee wako."

Akamwonyesha. Hakuthubutu kutazama kioo. Alitazama uso wa baba yake, ukiangazwa na mwanga mdogo wa mashine. Aliona fahari ndogo mzee alipojiona kwanza. Aliona midomo yake ikitaja maneno ya filamu. Kisha akaona uso ukiganda.

"Rudisha hapo."

Akarudisha.

"Huyu anakubali," mzee akasema.

"Ndiyo."

"Mimi sikukubali."

"Hukukubali, Baba. Ulikuwa unaonja malakwang."

Mzee Ojara akaiweka kofia mezani. Lakot alingoja ngurumo. Alikuwa ameisikia tangu utotoni, ikitikisa sahani kabatini. Lakini sauti iliyotoka ilikuwa ya chini, na hiyo ilimwogopesha zaidi.

"Kwa hiyo watu wataona nimemkabidhi mtu mtoto wangu, na mimi mwenyewe sikuwapo."

"Ndiyo maana nimekuita kabla hawajaona."

"Kijana anajua?"

"Anajua. Amekataa. Amesema hataki kubeba kitu ambacho hukumpa. Tumegombana, na Jumamosi anarudi kwao."

"Ha," mzee akasema. Ilikuwa vigumu kujua maana yake.

Lakot akavuta mkanda, akatafuta mshono kwa ncha ya kidole, akaubandua. Kipande cha malakwang kikatoka, kifupi mno kwa jambo kubwa kiasi hicho. Akakiweka kwenye kiganja cha baba yake.

"Hiki ni chako. Sikupaswa kukichukua."

"Na filamu yako?"

"Haina mwisho sasa. Bwana Zubairi ameniambia nisiguse mwisho. Atakasirika, na huenda nisipewe nyingine."

Mzee akakiinua kipande kwenye mwanga, akajaribu kujiona ndani yake. "Na hapa uliweka nini mwanzo? Kabla hujaleta mboga?"

"Hapakuwa na kitu. Ulinyamaza tu, naye alisimama tu. Vipande vile niliviondoa."

"Nionyeshe."

Lakot akaenda kwenye misumari, akavichagua vile vilivyoning'inia mwishoni, pamoja na kile ambacho Wanyama alikiokota sakafuni. Akaviunga harakaharaka. Mashine ikaanza kuzunguka.

Kijana alisimama uani. Alikuwa amemaliza maneno yake na hakuwa na mengine. Kamera haikumwacha. Kofia ilizunguka vidoleni mwake, ikasimama, ikazunguka tena. Suruali yake ilikuwa ikipepea kidogo magotini, na mzee akasogea karibu na kioo.

"Kulikuwa na upepo?"

"Hapana, Baba."

Mzee akatazama tena. Majani ya mgomba nyuma ya kijana yalikuwa yametulia kabisa.

"Magoti yanatetemeka," akasema.

"Ndiyo."

"Sikuona."

"Hukumtazama. Tangu alipoanza kusema mpaka mwisho, ulikuwa unatazama chini."

Kijana kwenye kioo aliendelea kusimama. Hakuondoka. Filamu ilikuwa ndefu kuliko mtu angeweza kuvumilia, na bado hakuondoka. Alingoja huku magoti yakimsaliti, macho yake yakimtazama mzee asiyemtazama.

"Kwa baba wa mama yako, kule Kitgum," Mzee Ojara akasema, bila kugeuka, "nilikuwa nimevaa sare mpya. Nilidhani sare itanisaidia. Nilitetemeka mpaka vifungo vikagongana. Mama yako Alanyo alikuwa nyuma ya mlango, alisikia. Mpaka leo ananicheka."

"Hajawahi kutuambia."

"Nilimkataza."

Mlango ukabishwa. Lakot aliijua namna ile ya kubisha. Alisema, "Ingia," na sauti yake haikuwa ya mwongozaji wala ya mhariri.

Wanyama aliingia na ukanda wa sauti umefungwa kwa karatasi ya gazeti. Alipoona sare, akasimama wima pale pale mlangoni, mwanga wa nje ukimwangukia mgongoni.

"Shikamoo, afande."

"Marahaba." Mzee aligeukia Kiswahili chake cha kambini, kifupi, kisicho na mapambo wala sarufi. "Wewe kijana nasimama mlangoni kama askari ya lindo. Funga. Filamu ya mtoto nachomeka."

Wanyama akafunga. "Nimeleta sauti, afande. Naiacha, naondoka."

"Sikia. Wewe nakataa mboga yangu?"

Wanyama akamtazama Lakot, kisha mzee. "Sikuikataa, mzee. Niliona haikuwa imepikwa kwa ajili yangu."

Kitu kilipita kwenye mdomo wa Mzee Ojara, kikafichwa haraka chini ya masharubu. Alimtazama kijana. Alimtazama tangu kichwani mpaka viatuni, na safari hii hakutazama chini. Akayafikia magoti, akakaa hapo muda mrefu. Lakot alishika ukingo wa meza. Kama mtu angemuuliza wakati ule anataka nini, jina mwanzoni mwa filamu au maneno mawili, asingehitaji kufikiri.

"Lakot," mzee akasema, na akalisema kwa Kiswahili, ili mgeni asikie mwenyewe. "Mpe kiti."

Hakuna aliyesogea.

"Kukaa si kuoa," mzee akaongeza kwa ukali. "Nimesema kiti. Binti sijasema. Atakuja Naguru na watu wake, wazee ya Bungoma, si na kamera. Tutazungumza."

"Ndiyo, mzee," Wanyama akasema. Sauti yake, yeye ambaye kazi yake yote ilikuwa kutunza za wengine, ilikwaruza.

"Baba," Lakot akasema, na hapo ndipo alipojua kwamba hatarudi tena kuwa mhariri tu, "ukilirudia mara moja tu, mbele ya kamera, filamu yangu itakuwa na mwisho."

"Hapana," mzee akajibu, akisimama na kuchukua kofia yake. "Hilo nimelisema mara moja, na limetosha. Mkuu wako mwambie hivi: mzee amenyamaza, kijana hajaondoka. Asiyeelewa hapo hajawahi kuposa." Akakitia kipande cha malakwang kwenye mfuko wa shati, akaufunga kifungo. "Hiki nampelekea Alanyo. Aone kipimo chake kipya kimeleta mambo gani."

Akatoka. Hatua zake zikasikika ukumbini, nzito, zenye mpangilio, mpaka zikaisha.

Lakot akatazama kile kiti. Kilikuwa chake, kimepungua rangi mahali alipozoea kuegemea mkono, na kwa miaka hakuna mtu mwingine aliyekuwa amekikalia kabla ya mchana ule. Akakivuta kutoka kwenye mashine, akakigeuza, akakiweka mbele ya Wanyama.

"Kaa," akasema.

"Na wewe utakata umekaa wapi?"

"Leo sikati kitu."

Wanyama akakaa, taratibu, kama mtu asiyeamini kwamba kitu kitambeba. Lakot akabaki amesimama kando yake, mkono begani mwake. Mashine walikuwa wameisahau ikizunguka. Kwenye kioo kidogo, uani Naguru, kijana mwenye koti la kubana alikuwa bado amesimama, kofia mkononi, akingoja.